Barua ya wazi kwa Wizara ya Nishati ya Marekani

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Nishati,
Washington, D.C.

YAH: LANGO LA HAWKINS NA MENGINEYO

Tafadhali husika na somo tajwa hapo juu.

Mimi ni mtazamaji wa kawaida. Nanunua umeme wa LUKU, na sehemu yake imeishia kwenye tamthilia ya Stranger Things, ambayo bila shaka mnaifahamu, kwa kuwa imewataja kwa jina. Novemba 1983, katika mji wa kubuni wa Hawkins, jimbo la Indiana, binti anayeitwa Eleven, mwenye namba 011 mkononi, anafanyiwa majaribio katika maabara ya Wizara yako. Siku moja akili yake inagusa kiumbe cha dunia nyingine, na uhalisia unachanika. Ukutani panabaki lango linalotoa utelezi, na nyuma yake kuna dunia ya kichwa chini miguu juu, isiyo na jua. Kufikia 1986 malango yamekuwa manne, yanakutana katikati ya mji, na wananchi wanaambiwa lilikuwa tetemeko la ardhi.

Tamthilia ilitoka Julai 2016. Mwezi uliofuata Wizara yako ikatoa maelezo: haina maabara iitwayo Hawkins, haichunguzi dunia sambamba, haishughuliki na mazimwi, na wanasayansi wake si watu waovu. Hongereni kwa kasi hiyo. Tatizo ni kwamba uswahilini kwetu, mtu akikana kabla hajaulizwa, majirani huingia ndani kuhesabu kuku. Nami nikaingia kuhesabu.

Nilianza na namba za mkononi. Kati ya 1945 na 1947, madaktari wa mradi wa bomu la atomiki, ambao Wizara yako ni mrithi wake, waliwadunga wagonjwa 18 plutoniamu. Kwenye majalada hawakuwa na majina. Walikuwa CAL-1, HP-12 na wenzao. Baadaye, wavulana wa shule ya Fernald, Massachusetts, waliingizwa kwenye klabu ya sayansi na kulishwa uji wa shayiri uliotiwa chembe za mionzi. Sehemu ya gharama ililipwa na Tume ya Nishati ya Atomiki, mzazi wenu halali. Watunzi wa tamthilia walimpa mtoto wao uwezo wa kupindua gari kwa kulitazama tu, lakini uji hawakuugusa. Wangeambiwa wametia chumvi.

Kwa haki, ni mtangulizi wako, Waziri Hazel O'Leary, aliyeanza kufungua majalada hayo Desemba 1993, na Rais Clinton akaomba radhi Oktoba 1995. Kwa hiyo watoto wa kubuni walijibiwa baada ya wiki chache, na watu wa kweli baada ya takriban nusu karne. Nadhani kosa lao lilikuwa kutoonekana kwenye televisheni.

Nikaja kwenye mashimo yenyewe. Katika msimu wa mwisho, jeshi linafunika nyufa za Hawkins kwa mabamba ya chuma. Nilidhani watunzi wameishiwa, hadi nilipokumbuka eneo lenu la taka za nyuklia la Hanford, jimbo la Washington. Mei 2017, paa la handaki lililohifadhi mabehewa yenye taka za mionzi liliporomoka, likaacha tundu la kama mita sita kwa sita. Mkaleta malori ya udongo, mkafukia. Hapohapo Hanford kuna matangi 177 yaliyozikwa chini ya ardhi yakiwa na taka zaidi ya lita milioni 200, na baadhi yanavuja.

Huko New Mexico mna ghala la taka lililochimbwa ndani ya chumvi, mita 655 kwenda chini. Februari 2014 pipa lilipasuka humo na kumwaga mionzi, kwa sababu lilikuwa limefungashwa kwa mchanga wa choo cha paka uliotengenezwa kwa ngano badala ya ule wa udongo. Ghala likafungwa karibu miaka mitatu. Hawkins, ili kuchana uhalisia, walihitaji binti mwenye karama. Ninyi choo cha paka kiliwatosha.

Lakini lango linaloniuma haliko Marekani, Mheshimiwa. Liko kwenye mgodi wa Shinkolobwe, Katanga, nchini Kongo, ambako watu wanaongea Kiswahili kama mimi. Sehemu kubwa ya urani ya bomu la Hiroshima ilitoka humo, kwa siri. Upande mmoja wa lango hilo ikaota Wizara yenye maabara 17 za taifa. Upande wa pili likabaki shimo. Serikali ya Kongo ililifunga kwa amri mwaka 2004, na mwaka huohuo likaporomoka na kuua wachimbaji wadogo. Dunia ya kichwa chini miguu juu haihitaji mazimwi. Ni pale ambapo nchi iliyotoa urani bado inapika kwa mkaa, na nchi iliyoipokea ina Wizara ya Nishati yenye muda wa kukanusha tamthilia.

Kwa unyenyekevu, naomba yafuatayo:

1. Mabamba ya chuma ya Hawkins, kwa kuwa upigaji picha umekwisha, yapelekwe Hanford.

2. Ununuzi wowote wa mchanga wa paka ushirikishe angalau paka mmoja mwenye uzoefu.

3. Maelezo kuhusu Shinkolobwe yatolewe kwa kasi ileile ya Hawkins, pamoja na hesabu ya kilichochukuliwa na kilichorudishwa.

Mkiona ombi la tatu ni zito, basi kanusheni kwamba Shinkolobwe ipo. Kwa jinsi tunavyowafahamu, tutajua mmeanza kuifikiria.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mtazamaji, mteja wa LUKU