Kwa OCS Anayetunza Wino

Kwa Mheshimiwa OCS,
Kituo cha polisi kinachojijua,
Ng'ambo, Mombasa.

KUH: PONGEZI KWA UTUNZAJI WA KITABU CHA MATUKIO

Mheshimiwa,

Nakuandikia kwa niaba ya majirani zangu wa Likoni, Kisauni na Changamwe kukushukuru kwa unavyokitunza kile kitabu kikubwa cha kaunta, tunachokiita OB. Mali nyingine za serikali huchakaa. Hiki chako bado kinanukia duka.

Mtu akija na kichwa kilichopasuliwa kwa panga, askari wako humtazama kwa huruma, kisha humuuliza kama ana mashahidi, kama amepitia kwa mzee wa mtaa, na kama hayo si mambo ya kumalizana nyumbani. Aking'ang'ania, huambiwa gari halina mafuta, kana kwamba kuandika mistari mitatu ni safari ya Voi. Huondoka bila namba ya OB, bila fomu ya P3 ya kumpelekea daktari. Kwa hesabu ya kitabu chako, mtaa wetu una amani kuishinda bustani ya Adamu na Hawa, maana kule angalau iliripotiwa kesi ya tunda.

Lakini kuna watu wanakuharibia kazi, Mheshimiwa, na ni haki yako kuwajua.

Wa kwanza ni hakimu. Kifungu cha 89 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai kinamruhusu mwenye sababu za maana za kuamini kwamba fulani ametenda kosa apeleke malalamiko yake kwa hakimu moja kwa moja. Anaweza hata kuyasema kwa mdomo. Hapo ndipo nilipokuonea huruma kweli, kwa sababu akiyasema kwa mdomo, hakimu ndiye anayepaswa kuyaweka katika maandishi, kisha wote wawili watie sahihi. Hakimu mzima, na wala haulizii mafuta! Kifungu cha 88 nacho kinamwachia raia aendeshe mashtaka mwenyewe au kwa wakili, mradi hakimu ametoa idhini.

Faraja yako ni kwamba njia hii inamfaa zaidi anayemjua mbaya wake. Aliyepokonywa simu usiku na kundi la vijana asiowatambua atamshtaki nani? Huyo anahitaji mpelelezi, na wapelelezi mko nao nyinyi.

Ila Katiba ya 2010 haikukuachia hata huyo. Kifungu cha 157(4) kinampa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma uwezo wa kumwagiza Inspekta Jenerali achunguze tuhuma yoyote ya jinai, na Inspekta Jenerali hana hiari ila kutii. Barua ya mvuvi wa Mtongwe ikibahatika kupita huko, itakushukia kutoka juu, na agizo likitoka juu mafuta huwa hayakosekani.

IPOA nao, mamlaka huru ya kuwasimamia polisi, waliozaliwa kwa sheria ya 2011, wana ofisi hapa hapa Mombasa. Raia akiwapelekea tarehe, saa, kituo na namba ya askari aliyemkataa kaunta, wanazipokea. Ndiyo maana siku hizi utaona wateja wako wakisoma sare za vijana wako kwa makini kuliko ilani za ukutani. Kuna pia Kitengo cha Masuala ya Ndani, polisi wa kuwachunguza polisi, lakini hao ni jamaa zako, sitaingilia mambo ya familia.

Lililonitia hofu zaidi kwa niaba yako lilitoka Meru. Wasichana walionajisiwa walikwenda Mahakama Kuu, na waliowalalamikia huko ni polisi waliozembea malalamiko yao. Mzaha uliniisha niliposoma kesi ile. Tarehe 27 Mei 2013 Jaji J. A. Makau aliamua kwamba uzembe huo ulivunja haki zao za kikatiba, akaamuru uchunguzi ufanywe, wa haraka na wa kitaalamu. Kumbe kutofanya kitu, kazi tuliyodhani haina hatari yoyote, nayo hujibiwa mbele ya jaji.

Barua hii naileta kaunta mwenyewe Jumatatu asubuhi. Nakala ya IPOA imetangulia, na yao imeshagongwa muhuri.

Wako mtiifu,
Mkazi wa ng'ambo