Sauti Ipo, Picha Haipo

Kila nyumba yenye kompyuta ina bingwa wake. Filamu ikitoa sauti bila picha, yeye hubadilisha jina la faili, mkv ikawa mp4, kisha hukunja mikono kungoja miujiza. Lakini video iliyobanwa kwa mfumo wa H.265 bado ni ileile, na programu isiyoujua mfumo huo haiujui kwa kubembelezwa. Basi bingwa hupakua furushi la kodeki, yaani programu za kusoma mifumo kama huo, kutoka tovuti yenye vitufe vya kijani kila pembe, na kompyuta hupata wageni wengi kuliko harusi ya Tanga.

Ipo programu ya kuchezea video, VLC, mradi ulioanzishwa na wanafunzi wa École Centrale Paris mwaka 1996: kodeki zimo ndani, bure, bila matangazo. Hapana, asema bingwa, nembo yake ni koni ya barabarani, haina hadhi.

Windows 8 ilipotoka mwaka 2012 bila uwezo wa kucheza filamu za DVD, yeye alizishuku diski. Alizisugua moja moja kwa dawa ya meno. Mswaki ulikuwa wa nani, mpaka leo hasemi.