Barua kwa Mwenye Umeme wa Kusini, Yeyote Awaye

Mheshimiwa,

Wateja wa Kilimarondo, na jirani zao wa Nachingwea mjini na Ruangwa, wanakuamkia kwa heshima zote. Wanaomba radhi kwa bahasha isiyo na jina, maana wenye umeme wamepokezana. Mwaka 2002 shirika la umeme, TANESCO, lilikabidhiwa mameneja wa NetGroup Solutions kutoka Afrika Kusini, wakaondoka 2006. Kwa Lindi na Mtwara ikapangwa kwamba Artumas ya Kanada, iliyoufufua mradi wa gesi ya Mnazi Bay, izalishe umeme na kuusambaza yenyewe. Ikajenga mtambo wa megawati 18 Mtwara, ikaishiwa pumzi, 2010 ikajiita Wentworth, na 2012 mtambo ukarudi TANESCO. Kukatika kwa umeme tu ndiko hakujawahi kubadili mmiliki.

Pesa umeshapokea. Umeme wa LUKU hulipwa kabla, kisha unakatika, mashine ya kusaga inasimama mahindi yakiwa kinywani, na muuza samaki anakesha na friji la maji ya uvuguvugu.

Maombi madogo hayatakuchosha. Matawi yakatwe kabla hayajaangukia nyaya, maana hitilafu moja porini huzima wilaya. Ujumbe wa "samahani kwa usumbufu" uje kabla ya usumbufu, au usije kabisa.

Ombi kubwa ni moja. Gesi ya Madimba, Mtwara, inayokwenda Dar es Salaam kwa bomba tangu 2015, ipangiwe safari kama basi. Ikifika Mnazi Mmoja ya Lindi ikunje kona, ipite Nanganga na Nachingwea, na Kilimarondo isimame dakika kumi ichimbe dawa. Akina mama watajipanga na korosho za kukaanga na maembe. Bodaboda watagombea mizigo. Konda asiwe mkali. Wazee hawana makuu, wanataka kuiona tu, waipe mkono, waiulize habari za Mtwara na kama huko iendako kuna mtu anayejua inatoka wapi. Mwanafunzi mmoja aruhusiwe kuwasha taa amalizie hesabu zake. Akichelewa, konda apige honi mara mbili, si zaidi. Kisha safari iendelee, hakuna atakayeizuia. Ile ya Songo Songo, inayotoka Kilwa kwenda Dar tangu 2004, haidaiwi hata salamu.

Kuzuia bomba la Mtwara kulishajaribiwa. Mei 2013, bajeti ya nishati iliposomwa bungeni, Mtwara iliwaka, na si kwa umeme. Wakaletwa wanajeshi. Watu walikufa, Mheshimiwa. Walikuwa wameuliza tu mwenye gesi atabaki na nini, na miaka yote hii jibu linawafikia gizani, kwa bei ileile anayolipa mtu wa Masaki. Nachingwea inazijua njia hizi: Waingereza walileta mradi wa karanga na reli kutoka Mtwara, karanga zikawashinda, na 1962 reli ikafungwa. Lakini wale angalau hawakumkatia mtu tiketi ya treni ambayo haipo.

Samahani, kalamu imeteleza. Waombaji wanajua una kazi nyingi.

Majibu yasije kwa simu, chaji hakuna. Yaandikwe, apewe mtu ayalete kwa mkono, na afike mchana.

Wako watiifu,
Waliolipa kabla, Kilimarondo