Kigoda cha Hanoi na Magoti ya Mtu wa Tanga

Shangazi, Mjomba, na nyote wa barazani,

Pilipili ya kusaga mliyotuma imefika, ila mfuko ulipasuka njiani na suruali zote zilizokuwa kwenye furushi hazivaliki. Hilo tuliache. Jana jioni nimefanya jambo ambalo ni afadhali mlisikie kwangu kabla hamjalisikia kwa watu: nimelipa pesa ili nitembezwe kula barabarani.

Chekeni, mkimaliza niendelee. Ndiyo, ni mimi yuleyule niliyekuzwa na vitumbua vya Shangazi na mishkaki ya usiku pale Ngamiani, Tanga, mtoto ambaye mlikuwa mkimkataza kula njiani na hasikii. Huku ukilipa wanakukusanya na Wazungu kadhaa kando ya ziwa la Hoàn Kiếm, anakuja binti na mwavuli uliofungwa, anaunyanyua juu ili msipotee, kisha anawatembeza mitaa ya mji mkongwe kibanda hadi kibanda, mnaonja hapa, mnaonja pale, mpaka tumbo liombe talaka. Gharama ni 750,000. Kaeni, ni dong hizo, si shilingi. Dola moja ni zaidi ya dong 25,000, kwa hiyo hapa hata mwanafunzi anayelala njaa ni milionea. Noti ya 500,000 ina rangi ya buluu, ya 20,000 nayo ya buluu, na zote zina sura ya Hồ Chí Minh akikutazama kwa upole uleule, mpe nyingi au mpe kidogo. Mimi hizo noti nimezitenga mifuko miwili, kama Mama alivyokuwa akitenga hela ya mchango wa msiba na hela ya soko.

Kabla hatujapiga hatua, binti akaanza kuuliza umri. Wazungu wakatazamana kama wameulizwa nambari ya siri ya benki. Mimi nikafurahi, maana kumbe hawa ni watu wetu. Mvietnamu hawezi kukusemesha vizuri mpaka ajue akuweke kwenye tawi gani la ukoo: kaka, dada, mdogo wangu, mjomba wa upande wa mama, shangazi wa upande wa baba. Wana hata baba mkubwa na baba mdogo, na ole wako uwachanganye. Kwa sababu ya hizi ndevu nikapandishwa cheo papo hapo kuwa baba mdogo. Binti ana miaka 22, mimi mnajua nina mingapi, basi nikanyamaza nikameza cheo changu. Na mama anayeuza chakula ni shangazi. Hivyo jana nimekula kwa mashangazi wa kutosha, na kila mmoja, Shangazi, kila mmoja wao ameniuliza kama nimeoa. Niliposema bado, walinitazama kwa jicho lako lile.

Mji mkongwe wa Hanoi wanauita wa mitaa 36. Sisi Ngamiani tumezipa barabara zetu namba tukamaliza kazi. Wao kila mtaa waliupa jina la bidhaa iliyokuwa ikiuzwa pale: Hàng Bạc ni wa fedha, Hàng Đường wa sukari, Hàng Buồm wa matanga, ingawa leo ukienda Hàng Buồm kutafuta tanga la ngalawa utarudi na biskuti. Mtaa mmojawapo uliobaki na kazi yake ni Hàng Mã, wa vitu vya karatasi vya kuwachomea marehemu. Nyumba za karatasi, pikipiki za karatasi, mabunda ya dola za karatasi, simu za kisasa za karatasi. Unachoma, mzee anapokea huko aliko. Mjomba, usikasirike, lakini marehemu wa hapa wana simu nzuri kuliko hicho kitochi chako.

Kuvuka barabara nitasema kwa ufupi, kwa kuwa Mama ana presha. Pikipiki ni nyingi kama mchanga, na hazisimami. Kanuni ni moja: ingia barabarani, tembea polepole, mwendo uleule, usikimbie, usirudi nyuma, wao watakupitia pembeni. Sisi wa mji wa baiskeli tumezoea mgongano unaoishia kwa kupeana pole. Nilipiga bismillahi, nikafumba jicho moja, nikavuka.

Sasa nifike kwenye kigoda, kwani ndicho kilichonishikisha kalamu.

Huku chakula cha barabarani hakiliwi kwa kusimama, wala hakiliwi mezani. Kinaliwa juu ya kigoda cha plastiki, chekundu au cha buluu, ambacho kwetu tungempa mtoto wa chekechea, naye angelalamika. Hakifiki goti. Ukikaa, magoti yako yanapanda hadi kwenye masikio, na unamwona jirani yako katikati ya magoti yako mwenyewe, kama mtu anayechungulia dirishani. Meza nayo ni kigoda kingine, kirefu kidogo kuliko hicho ulichokalia. Bakuli la mchuzi wa moto liko juu yake, na kati ya bakuli na suruali yako hakuna kinga yoyote isipokuwa dua. Babu za watu wamekaa hapo saa nzima, mguu juu ya mguu, wanavuta sigara na kusoma gazeti. Mholanzi wa kundi letu, kijana mrefu kama mnazi wa Pangani, alijaribu kukaa kwa awamu. Kwanza akainama, halafu akafikiri, kisha akajiachia. Kigoda kikalia, yeye akalia, shangazi wa pale akaleta kigoda cha pili akakichomeka juu ya cha kwanza, mambo yakatulia. Mimi niliyekuwa nikimcheka, ulipofika wakati wa kuinuka nikagundua mguu mmoja umekufa ganzi na mwingine haujui niko nchi gani. Akanivuta bibi wa makamo, kwa mkono mmoja, huku mkono wa pili ukigeuza tambi.

Nikamuuliza binti: nchi hii inayotengeneza simu na magari imeshindwa kutengeneza kiti? Akacheka, akasema subiri utaona.

Tulikuwa katikati ya sahani ya tofu ya kukaanga na tambi za mchele, pamoja na kitoweo chake cha uduvi waliosagwa na kuvundikwa, kinachoitwa mắm tôm, rangi ya zambarau, unakamulia ndimu na kukipiga mpaka kitoe povu. Harufu yake ilimfukuza mama mmoja wa Australia wa kundi letu hadi ng'ambo ya barabara, naye alivuka bila kukumbuka kanuni. Mimi nimekua na ng'onda wa kuanikwa juu ya bati, nikajichovyea mara ya pili na ya tatu ili nionekane. Ndipo ikasikika sauti ya kipaza kutoka kwenye gari la askari wa kata. Shangazi wa pale hakupiga kelele. Alisema neno moja. Mara vigoda vikaanza kuondoka chini yetu, vikapandiana kimoja ndani ya kingine, meza zikaingia uchochoroni, jiko likafuata, kikapu cha majani kikaruka mlangoni, na wenzangu wakabaki wamesimama kwenye mstari, kila mtu na bakuli lake mkononi, wakitazama mbele kwa heshima kama wanaosubiri wimbo wa taifa. Gari likapita taratibu. Kipaza kikasema kilichotakiwa kusema. Gari likakunja kona. Vigoda vikarudi.

Wazungu wakapiga makofi. Walidhani imo kwenye bei.

Mimi, Mjomba, sikuhitaji kufafanuliwa. Nilipotazama mikono yangu nilikuta nimeshabeba vigoda vinne na ndoo ya vyombo, na nilishakimbia hatua kadhaa kuelekea uchochoroni, tena mbele ya mwenye mali. Miguu ya mtu aliyeuza mitumba haisahau mgambo. Njia ya waenda kwa miguu hapa ni jiko, ni sebule, ni maegesho ya pikipiki, na serikali kila baada ya muda huwa inakumbuka kuwa ilikusudiwa kuwa njia. Mwaka 2017 walifanya operesheni kubwa ya kuisafisha, Hanoi na jiji la Hồ Chí Minh pia, kama kwetu mwaka 2021 wamachinga walipoambiwa wahamie walikopangiwa. Baadaye kidogo vigoda vikachipua tena. Kwa hiyo kiti kimekuwa kifupi na chepesi kwa sababu ya maarifa: chenye miguu mirefu hakikimbii. Yule shangazi alinitazama, akatazama ndoo yake niliyoikumbatia, akamwambia binti jambo. Binti akatafsiri: anauliza kama unatafuta kazi.

Chakula chenyewe, kwangu mimi, kilikuwa ni mtihani wa dini kuliko wa ulimi. Hanoi ni mji wa kitimoto, yaani nguruwe. Kimo kwenye mkate, kimo kwenye supu, kimejificha ndani ya maandazi usiyoyadhania. Fahari ya mji ni bún chả, nyama hiyohiyo ya kuchoma juu ya mkaa, inatumbukizwa kwenye mchuzi na tambi. Mwezi Mei 2016 Obama aliila kwenye mgahawa wa mtaa wa Lê Văn Hưu pamoja na mpishi Anthony Bourdain, bili ikawa dola 6, na meza waliyokalia sasa imefunikwa kwa kioo, sahani na chupa za bia zikiwa ndani. Binti aliposimulia nikasema, huyo asili yake ni Kogelo, ni jirani yetu. Akaniuliza tunafanana vipi. Nikasema kwa ndevu. Akasema Obama hana. Wenzangu wakila bún chả, mimi nilitazama moshi.

Lakini, Shangazi, kuna kitu kimoja nilisimama nikakitazama kwa niaba yako. Mchele unalowekwa, unasagwa mpaka uwe uji mwepesi, kama wewe unavyoanza vitumbua. Halafu wanachukua sufuria kubwa ya maji yanayochemka na kuifunga kitambaa mdomoni, kimevutwa kikakaza kama ngozi ya ngoma. Mama anachota uji kwa upawa, anautandaza juu ya kitambaa kwa mzunguko mmoja, anafunika, na kabla hujamaliza kusema neno anafunua, anapitisha kijiti cha mwanzi kilichochongwa bapa, na kuinua shuka la mchele unaloweza kusomea gazeti upande wa pili. Linaitwa bánh cuốn. Huwa linasokotwa na kitimoto ndani. Wakanifanyia tupu, na vitunguu vya kukaanga juu. Niliuliza kuhusu mafuta, wakaniambia ni ya mimea. Tafadhali Mjomba usiniulize niliuliza mara ngapi. Niliomba nijaribu kuinua shuka moja. Lile langu lilitoka na umbo la ramani ya ziwa Victoria, likaliwa na Mholanzi.

Tulipopita mtaa wa Hàng Lược binti alinionyesha geti jeupe, namba 12. Msikiti wa Al-Noor, wa pekee mji mzima, uliojengwa na wafanyabiashara wa Kihindi mwaka 1890. Wahindi hawa, jamani! Nikaona viatu vya watu mlangoni, vimepangwa vibaya kama kwetu, nikatamani nipigwe na kile kiatu cha Mjomba anachokifuta kila wakati. Pua ikaanza kutiririka, nikasingizia pilipili. Kundi likasogea, nami nikasogea.

Karibu na soko la Đồng Xuân nikanunua korosho za kukaanga na chumvi, maganda yake mekundu bado yamo. Vietnam inanunua korosho ghafi hadi za kwetu, inabangua, inauza. Labda zile zilitoka Newala. Nilizilipia kama mgeni. Mlango wa pili kulikuwa na duka la Viettel, wenye mtandao wenu wa simu wa Halotel, nikatamani kuingia nikajitambulishe kuwa ukoo wetu ni wateja tangu 2015, lakini sikujua wangeniita kaka au baba mdogo.

Tukamalizia na kahawa. Mjomba, vumilia. Mwaka 1946 maziwa yalikuwa adimu, basi bwana mmoja, Nguyễn Văn Giảng, aliyekuwa akifanya kazi hoteli ya Metropole, akapiga kiini cha yai mpaka kikawa povu, akakiweka juu ya kahawa. Mpaka leo wajukuu wa mji huu wanainywa, wakiwa, bila shaka, juu ya vigoda. Ni tamu, ni nzito, unaila kwa kijiko. Nilikunywa viwili, lakini nilimkosa mtu wa kugonga vikombe na kashata ya nazi ya kung'atia, na hakuna aliyebishana kuhusu timu ya Coastal Union. Chai yao sijui niseme nini: ni ya baridi, ina barafu, haina sukari, na wanaigawa kwa furaha.

Basi nimepiga hesabu. Wageni wanashuka Tanga wanapitiliza Pangani bila kuonja chochote. Tuwakusanye pale kwenye mnara wa saa, sita kwa siku, dola 20 kila mmoja. Shangazi vitumbua na supu ya pweza. Mama maharage ya nazi. Mjomba ndiye atakayewatembeza, kwa kuwa anatembea polepole na historia asiyoijua huwa anaitunga. Kila mgeni aulizwe umri na kwa nini hajaoa. Mgambo wakija, msiwaombe radhi wageni, watapiga makofi. Mgawo ni nusu kwangu kwa kuleta wazo, na nusu iliyobaki mgombane wenyewe. Shangazi, najua unasema theluthi. Haya, theluthi, lakini vitumbua vyangu nikirudi ni bure.

Mwanenu,
baba mdogo wa Hanoi