Kila Mtu na Sababu Yake

Nimechoka na sababu. Sisemi nimechoka na watu. Watu ningewavumilia kama wangefanya mambo yao kimyakimya. Kinachonichosha ni kwamba siku hizi hakuna anayefanya jambo bila kukupakulia na maelezo yake. Fundi cherehani hajamaliza suti, ana sababu: umeme. Umeme ukiwepo, uzi umekwisha. Uzi ukipatikana, kuna msiba. Mpangaji mwenzangu anafungulia redio saa kumi na moja alfajiri, ana sababu: anawaamsha watoto wa shule. Watoto wa nani hatujui, maana yeye hana mtoto. Konda anakusukumia abiria wa tano kwenye siti ya watu watatu, ana sababu: "Tusaidiane jamani, wote tunaenda." Hata mwizi wa kuku wa mtaani kwetu, aliposhikwa na kuku mkononi, alianza na "mnielewe kwanza."

Ukisikiliza vizuri, uamuzi huwa umeshafanyika zamani. Sababu inaitwa baadaye kuja kuupamba. Kichwani mwa kila mmoja wetu kuna msemaji wa klabu, yule anayeitisha waandishi wa habari timu ikishafungwa. Hakupanga kikosi, hakuonekana mazoezini, hajui kwa nini beki alisimama kumtazama mshambuliaji. Lakini muulize. Atakupa sababu saba, na ya nane ni mwamuzi.

Usidhani ni chuki zangu tu. Mwaka 1977 wanasaikolojia wawili wa Marekani, Richard Nisbett na Timothy Wilson, walichapisha kisa ambacho nikikisoma nacheka peke yangu mpaka watu wa nyumbani wananiuliza kulikoni. Dukani walipanga jozi nne za soksi ndefu za kike, zile za nailoni, wakawaomba wateja waseme ipi ni bora. Wengi wakachagua ya mwisho upande wa kulia. Ilichaguliwa karibu mara nne zaidi ya ile ya mwisho upande wa kushoto. Kwa nini? Wakaeleza: ufumaji wake, ulaini, nailoni yenyewe inaonekana ya maana. Jozi zote nne zilikuwa sawasawa, hazikutofautiana hata uzi. Wateja walipoulizwa kama pengine ile nafasi ya mezani ndiyo iliyowavuta, karibu wote walikana, wengine wakimtazama muulizaji kama mtu anayehitaji kupelekwa hospitali. Wangefika soko la mitumba la Karume hapa Dar es Salaam wasingehitaji hata meza. Mteja anachambua rundo zima kwa saa nzima, anarudi kwenye shati la kwanza aliloshika, kisha anamhubiria muuzaji habari za kola.

Mpaka hapo nilikuwa na amani, kwa kuwa ushahidi ulikuwa upande wangu. Wakaja Wafaransa wawili kuniharibia. Dan Sperber ni mwanaanthropolojia, Hugo Mercier mwanasaikolojia. Waliandika makala ndefu mwaka 2011, kisha kitabu kizima mwaka 2017. Wanasema tunamkosea mwanadamu tukidhani alipewa uwezo wa kuhoji na kutoa hoja ili akae peke yake pembeni autafute ukweli. Kwa kazi hiyo kifaa hiki kingekuwa kibovu kupindukia. Tulikipata kwa sababu tunaishi na wenzetu. Wenzetu wanatutazama, wanataka kujua kama ni watu wa kuaminika, nasi tunalazimika kujieleza. Tena tunataka kuwavuta wakubali tunachotaka, na wao wakitueleza la kwao tunahitaji kulipima tusije tukauziwa mbuzi kwenye gunia. Kwa hiyo mtu anayetafuta sababu za kujitetea yeye tu hajaharibika kichwa. Yuko kazini.

Yaani fundi wangu wa cherehani yuko kazini. Suti haiko kazini, lakini yeye yuko.

Sperber mwenyewe, kwa taarifa yako, si mtu wa vitabu tu. Aliwahi kuishi na Wadorze kule kusini mwa Ethiopia, wakamwambia kwamba chui ni Mkristo, anayeshika mifungo ya Kanisa la Othodoksi. Jumatano na Ijumaa hagusi nyama. Lakini Mdorze huyohuyo, Jumatano na Ijumaa ikifika, alilinda mifugo yake kama siku nyingine zote. Wadorze nawaheshimu sana. Maelezo yana mahali pake, na mifugo ina zizi lake.

Mimi elimu yangu ya mambo haya naipata kwenye kamati ya harusi. Mpwa wangu anaoa Desemba, nami kama mjomba nimeingizwa kwenye kamati bila kuulizwa. Ajenda ya ukumbi ilitutoa jasho. Mwenyekiti, ambaye anakaa Tegeta, anataka ukumbi wa Tegeta, kwa sababu kule hewa ni nzuri na maegesho ya magari ni ya kutosha. Mama mdogo wa bwana harusi, mkazi wa Mbagala, anataka Mbagala, kwa sababu bei za huko ni za kibinadamu. Katibu anatoka Kigamboni na hakuona aibu kutueleza kwamba bibi harusi atapendeza kwenye picha akivuka na pantoni. Wote wanavutia kwao halafu wanaita hoja. Mimi nilipendekeza Sinza. Naishi Sinza, ndiyo, lakini sikupendekeza kwa sababu hiyo. Nilipendekeza kwa sababu Sinza ni katikati. Kuishi kwangu huko ni bahati ya ukumbi.

Basi kwenye kikao cha juzi mama mdogo akasimama, akasema: ndugu wengi wa upande wa baba wako Mbagala na Temeke, wengi wao wazee, na usiku usafiri ni shida, ukumbi uwe karibu na watu, si watu wafuate ukumbi. Mwenyekiti akaipangua ile hoja kipande kwa kipande. Akasema ni dhaifu, imejaa hisia, haina takwimu, tena inawadharau wazee kwa kudhani hawawezi kupanda gari. Alipotosheka, katibu akafungua daftari la muhtasari, akasema kwa adabu zote, "Samahani Mwenyekiti, hoja hii naiona kwenye kikao cha pili. Mtoa hoja ni wewe." Siku hiyo, kumbe, shemeji yake wa Temeke alikuwa ameahidi ukumbi wa bure, kabla hajaghairi.

Mwenyekiti alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Mazingira yalikuwa tofauti."

Nilikuwa tayari kumcheka mwaka mzima, kumbe jambo lenyewe limeshapimwa. Mwaka 2016 Mercier na wenzake walitoa matokeo ya jaribio la kijanja sana. Watu walipewa maswali ya mantiki, wakajibu na kuandika sababu zao. Baadaye wakaonyeshwa majibu na sababu hizo, wakiambiwa ni za mtu mwingine. Miongoni mwa wale ambao hawakushtukia mchezo, zaidi ya nusu walizikataa. Walikataa maneno yao wenyewe. Hoja ikiwa yangu inapita bila kukaguliwa, lakini ikitoka kwako lazima ifunguliwe mabegi.

Ndipo ninapolazimika kukubali jambo nisilolipenda, kwamba ukaguzi huo una faida. Mweka hazina wetu alikuja na bajeti nzuri, imechapwa, ina mihuri: wageni mia tatu, chakula, vinywaji, matarumbeta, mshereheshaji mwenye jina. Kila mtu akatikisa kichwa kukubali. Chini kabisa pameandikwa jumla ya mapato, na jumla hiyo imetosha. Bibi mmoja anayeuza vitumbua, ambaye hakuwa amesema neno tangu tufungue kikao kwa sala, akauliza: "Hizo fedha ziko wapi, mwanangu?" Mweka hazina akajibu ni ahadi. Bibi akauliza: "Na mpishi tutamlipa ahadi?" Matarumbeta yakaondoka papo hapo, wageni wakashuka hadi mia na themanini, na mshereheshaji mwenye jina akageuka binamu yetu mwenye sauti. Mweka hazina amesomea uhasibu na bajeti hiyo aliilalia wiki nzima. Alihitaji mtu asiyeipenda.

Hili nalo lina ushahidi wake. Kuna chemshabongo mashuhuri ya Mwingereza Peter Wason, ya mwaka 1966. Mezani kuna kadi nne: E, K, 4 na 7. Kila kadi ina herufi upande mmoja na namba upande wa pili. Kanuni inasema: kadi yenye irabu upande mmoja ina namba shufwa upande wa pili. Ugeuze zipi ili ujue kama kanuni ni ya kweli? Acha kusoma kwanza, ufikiri. Haya, endelea, najua hukufikiri. Wengi husema E na 4. Jibu ni E na 7, kwa kuwa 4 hata ikiwa na K nyuma haivunji kanuni yoyote, ila 7 yenye irabu mgongoni inaivunja. Huko Marekani David Moshman na Molly Geil waliwapa wanafunzi swali la aina hii, wakachapisha matokeo mwaka 1998: kati ya waliojibu kila mtu peke yake, ni asilimia 9 tu waliopata. Walipokaa vikundi vikundi wakabishana, asilimia 75 ya vikundi vilipata.

Lakini wawe wanabishana. Ukiwakusanya watu wenye wazo moja unapata kijiwe cha mashabiki wa timu moja: kila mmoja anaongeza sababu juu ya sababu ya mwenzake, na baada ya vikombe viwili vya kahawa hata aliyekuja na mashaka anaondoka anaapa kwa jina la Mungu kwamba penalti ile haikuwa halali. Kundi letu la ukoo kwenye simu liko hivyohivyo tangu waliokuwa wakipinga watolewe. Waliondolewa kwa sababu, bila shaka.

Mwalimu Nyerere alipenda kutukumbusha kwamba wazee wa zamani walikaa chini ya mti wakazungumza mpaka wakakubaliana. Nakubali kabisa. Ila hakutueleza walikuwa wanakaa saa ngapi, nani alikuwa analipia soda, wala kama chini ya mti ule kulikuwa na mtu wa Tegeta.

Kikao kijacho ni Jumapili saa kumi jioni, yaani saa kumi na moja na nusu. Ukumbi bado. Kama wewe ni mjumbe na macho yako yamepita hapa, tafadhali njoo, na umlete bibi wa vitumbua. Unayepinga Sinza njoo na sababu zako zote, tutazisikiliza. Ila kabla hujafungua mdomo, pitia kwa mweka hazina umalize ahadi yako.