Namna ya Kuumulika Mwembe Usiku Garsen Bila Kuitwa Mchawi

Anza kwa kuchagua mti. Uache mkuyu wa ukingoni mwa mto Tana, hata uwe mkubwa na wa kupendeza namna gani, kwa sababu usiku ukingo ule una wenyewe: mamba yumo majini, na kiboko yuko njiani kwenda kula mahindi ya mtu. Mwembe wa nyuma ya nyumba unatosha, na ukiwa mkongwe ndio bora zaidi.

Uchunguze shina lake mchana. Utaona mabaka bapa yenye rangi ya majivu na ukijani kwa mbali, mengine mapana kama sarafu ya shilingi ishirini, yamejibandika kwenye gome. Wengi hudhani mti umepata upele, wakaja na panga kuyakwangua au wakayapaka chokaa. Weka panga chini. Hiyo ni likeni, na hainyonyi mti hata tone. Imeomba mahali pa kukaa tu.

Likeni ni viumbe viwili katika nyumba moja. Kuvu hujenga kuta na kuhifadhi unyevu, mwani huketi ndani na kupika chakula kwa mwanga wa jua. Mswisi Simon Schwendener alipolisema hili mwaka wa 1867, wataalamu wa likeni walimpinga vikali, akiwemo William Nylander, ambaye mwaka mmoja tu kabla alikuwa amegundua katika bustani moja ya Paris kwamba likeni hutoweka pale hewa inapochafuka. Kila mmoja alikuwa na jicho lake zuri. Na sisi watu wa pwani tusijione wageni katika jambo hili: katika karne ya 19 mababu zetu walichuma likeni moja, marere, ikasafirishwa ng'ambo kutengenezewa rangi ya zambarau.

Sasa taa ya kuifanya likeni ing'ae gizani. Tochi ya kawaida haitakusaidia kitu. Unahitaji ile ndogo ya kukagulia noti bandia, inayotoa miale ya urujuanimno, na mahali pa kuipata ni kwa mwenye duka au wakala wa M-Pesa pale stendi. Mwendee saa za kufunga, umwamkie vizuri, umwambie ukweli: "Naomba nikaangalie mwembe." Atakutazama sana. Mwalike aje naye. Ni tochi yake, ana haki ya kuona. Usiielekeze machoni mwa mtu, wala usiichungulie mwenyewe.

Mavazi nayo yana neno. Usivae kanzu nyeupe iliyofuliwa kwa sabuni ya unga. Sabuni hizo hutiwa dawa ya kung'arisha nguo, na chini ya miale hiyo kanzu itawaka buluu kiasi kwamba watoto watakutazama wewe badala ya mti. Na anayekupita kwa mbali, akiona kivuli cheupe kikizunguka shina na mwanga wa zambarau mkononi, hatangoja maelezo.

Hapa nataka nisimame kidogo. Katika pwani yetu wazee wameuawa kwa kushukiwa uchawi. Basi usitoke peke yako, na kama wewe ni mzee mwenye mvi, usitoke bila vijana na jirani. Pitia nyumba za karibu kabla ya magharibi. Sema, "Leo usiku tunamulika mwembe, karibuni." Jambo linalotangazwa mchana, likafanywa mbele ya watoto na kahawa, hugeuka kuwa mkusanyiko wa jirani, na hofu hukosa pa kukaa.

Chagua usiku wa mwezi mwandamo, mwezi unapokuwa mwembamba na kuzama mapema. Zimeni taa zote, mkae gizani mpaka macho yazoee. Kisha washa.

Si kila baka litaitikia. Tembeza mwanga polepole, na pale penye likeni ya aina ya Pyxine cocoes, iliyopewa jina kutokana na mnazi na ambayo huota katika nchi za joto duniani kote, Afrika Mashariki ikiwemo, baka lile la majivu litageuka manjano ya kuwaka, kama limepakwa bizari yenye moto ndani yake. Walioiona filamu ya Avatar ya 2009, yenye msitu unaong'aa, watapiga kelele. Waache wapige. Mimi bado hunitoka sauti kila mara.

Kinachong'aa ni kemikali iitwayo likezanthoni, iliyo katika ngozi ya juu ya likeni. Hupokea miale tusiyoiona na kuirudisha kama mwanga tunaouona, na inadhaniwa kuwa ni kinga ya jua kali kwa mwani aliye ndani. Jua la Garsen mnalijua.

Kabla hujaketi, mulika chini. Nge naye hung'aa chini ya miale hiyohiyo, kwa rangi ya kijani na buluu, na ni heri umwone kwa macho kuliko kwa kisigino.

Kisha waonyeshe watoto baka kubwa kuliko yote. Waambie likeni nyingi hukua milimita chache tu kwa mwaka, kwa hiyo lile huenda limewazidi umri. Mwembe ukiangushwa leo kwa ajili ya magunia ya makaa, miaka yote hiyo inaingia tanurini pamoja na shina. Nimeona mashina hayo yakipakiwa kwenye lori, mabaka bado yapo, na sikuwa na tochi wala mtu wa kumwonyesha.

Mwisho zima. Likeni haiweki akiba ya mwanga. Itapotea papo hapo. Msiondoke upesi. Mvua ikiwa imenyesha, kaeni kimya mtazame kule kwenye mfereji wa mpunga, ambako vimulimuli wanawasha taa zao bila kuazima ya mtu.