Namna ya Kuteremka Homa Bay kwa Kompyuta Isiyoijua Homa Bay

Kapteni, karibu Nyanza Kusini. Umetoka uwanja wa Wilson, Nairobi, na ndege yako ya Cessna Caravan, uko futi 12,000, na abiria wameanza kubishana kama kile kinachong'aa mbele ni ziwa au ni wingu. Kwenye skrini yako kuna mfumo wa VNAV, kompyuta inayokokotoa mteremko: uanze kushuka wapi, kwa pembe gani, ufikie mwinuko upi. Haichoki wala haisinzii. Ila ni kama mgeni aliyeelekezwa njia kwa simu: atafuata kila neno, hata lile ulilokosea. Basi fuata hatua hizi.

1. Piga hesabu kichwani kwanza. Tuseme unataka kuwa futi 5,000 ukikaribia uwanja wa Kabunde. Una futi 7,000 za kupunguza. Kwa mteremko wa digrii 3, kila futi 1,000 zinataka takriban maili 3 za baharini. Jumla maili 21. Kasi yako juu ya ardhi ikiwa noti 150, zidisha kwa 5: utashuka kama futi 750 kwa dakika. Skrini ikisema uanze zikibaki maili 8, mmoja wenu amekosea. Mtafute kabla hamjaendelea.

2. Wahurumie wenye masikio. Kabini ya Caravan haijazwi hewa ya shinikizo, kwa hiyo kila futi unayoshuka inasikika masikioni. Digrii 3 si amri kumi za Musa. Shuka futi 500 kwa dakika, uanze zikibaki maili 35. Utatumia dakika 14, na mtoto wa kiti cha nyuma atakuombea dua badala ya kulia.

3. Toa ruhusa. Hapa ndipo wajuaji wanapoumbuka. Katika Caravan zenye skrini za G1000, sauti hukuita dakika moja kabla ya mahali pa kuanza kushuka. Usipobonyeza kitufe cha VNV na kuteua mwinuko wa chini zaidi, otopailoti itapapita mahali hapo na kuendelea futi 12,000 vilevile, Homa Bay ikisogea. Likikutokea hilo, usiukimbilie mteremko kwa kuielekeza pua chini. Piga duara, shuka kwa adabu. Dakika tano za kuchelewa hazijawahi kumvunja mtu mguu.

4. Iambie kompyuta ukweli kuhusu hewa. Katika mteremko huu mwinuko unapimwa kwa shinikizo la hewa. Ukikosea hektopaskali 1, umekosea karibu futi 30. Ukikosea 10, karibu futi 300. Ubaya wake ni kwamba skrini haitalalamika: itakuonyesha uko sawasawa juu ya mstari, kumbe mstari wenyewe umezama. Weka kipimo cha saa hii, si cha asubuhi, na rubani mwenzako akisome kwa sauti.

5. Usiibebe Homa Bay kwenda nayo Migori. Ziwa Victoria liko kama mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, na mji wa Homa Bay uko ufukweni pake. Mji wa Migori umepita mita 1,300. Mwinuko uliokutosha Kabunde huenda ukakukuta uwanja wa Lichota, Migori, ardhi ikiwa imekusogelea. Ingiza namba upya, hata kama viwanja hivi ni majirani.

6. Inua macho. Mlima Homa una mita 1,751, yaani zaidi ya futi 5,700. Zile futi 5,000 zako ziko chini ya kilele chake! Mstari wa mteremko ni hesabu kati ya nukta mbili. Haukunji kona kwa heshima ya mlima, wala kwa wingu la radi la alasiri kutoka Kisii. Mwisho wa safari ni kazi ya macho: angalia upepo, angalia njia, hakikisha hakuna ng'ombe anayevuka.

7. Ghairi mapema. Novemba 6, 2022, ndege aina ya ATR 42 ya shirika la Precision Air kutoka Dar es Salaam ilianguka katika ziwa hilihili ikikaribia Bukoba, hali ya hewa ikiwa mbaya. Kati ya watu 43 waliokuwamo, 19 walikufa. Hakuna mteremko, uwe umepangwa na mtu au na mashine, usioweza kuachwa. Usipotulia, paa tena. Kisumu ipo.

Nanyi abiria, hasa waheshimiwa mnaowahi mazishi ya Jumamosi, rubani akisema tunageukia Kisumu, msimpigie kelele wala msimkumbushe vyeo vyenu. Kutoka Kisumu kuna lami hadi Homa Bay. Pandeni gari, mtachelewa, lakini mtafika.